Je, Bisibisi ya Umeme Yatufaa Nyumbani?

Wakala wa Nishati Vijijini ulianza kazi mwaka 2007. Tangu hapo umeme umefika vijiji vingi vya Musoma, Bunda na Butiama. Umeme umeleta vyombo vipya. Kimojawapo ni bisibisi ya umeme ya bei nafuu, yenye waya. Je, yatufaa nyumbani?

Mimi nasema: kwanza hesabu skrubu zako.

Tuanze na uzuri wake. Bisibisi hii haina betri ya kuchakaa. Unaichomeka ukutani, unafanya kazi. Haili umeme mwingi. Ikiwa ni ya wati 300, uniti moja yatosha kuizungusha zaidi ya saa 3. Mtu anayeunda makabati na vitanda atapumzisha kiganja chake.

Sasa tutazame ubaya wake. Umeme ukikatika, kazi inasimama. Banda la kuku liko mbali, na waya ni mfupi. Tena baadhi ya zile za bei nafuu hazijui kuacha. Skrubu ikishafika mwisho, mashine bado inazungusha. Kichwa cha skrubu hulika, au ubao hupasuka. Mkono huhisi skrubu ikikaza. Mashine haihisi.

Hayo yalinipata mimi. Niliazima mashine nikaze bawaba za mlango. Bawaba 3, kila moja skrubu 4. Jumla skrubu 12 tu. Nilitaka kumaliza upesi. Fremu ikapasuka. Nikanunua ubao mwingine, nikakaza kwa mkono. Haraka haraka haina baraka.

Wengine watasema nakataa maendeleo. Sikatai. Lakini maendeleo si kuwa na mashine kabatini. Maendeleo ni mlango uliosimama sawasawa, na fedha ya madaftari ya watoto ikabaki.

Kwa hiyo, mwenye milango miwili na meza moja anunue bisibisi ya mkono. Itamtosha miaka mingi. Wenye kazi nyingi wachange, wanunue moja ya umeme kwa pamoja.

Ukienda dukani, usisikilize maneno matamu tu. Wewe sasa unajua kusoma. Soma kibandiko. Kiwe kimeandikwa volti 220 hadi 240. Ya volti 120 ni ya nchi kama Marekani, hapa itaungua. Mwambie muuzaji aiwashe mbele yako.

Nyumbani, toboa tundu dogo kwanza. Shika mashine kwa mikono mikavu. Chomoa waya kabla ya kubadili ncha.

Chombo kizuri ni kile kinacholingana na kazi yako.

Maswali ya kujadili
1. Nyumbani kwako mwaka huu utakaza skrubu ngapi?
2. Kwa nini fremu ya mwandishi ilipasuka?
3. Majirani wakinunua chombo kwa pamoja, nani atakitunza?