Saa ya Desini si Saa ya Kulala



Kila mwaka, kama mitihani inakaribia, saa ya kwanza inayoondolewa ni ya desini. Wanasema: « Desini ni muchezo tu, haileti pointi mingi. » Na saa ile ikibaki, wengi wanaweka kichwa juu ya meza na kulala. Wengine wanachora nyumba ya Bulaya na mlima wenye teluji, wakifuata picha ya kalenda. Tukiwauliza juu ya nini, wanajibu ya kwamba hapa kwetu hakuna kitu cha kuchora. Sisi hatukubali. Tunataka kuwaonyesha mfano wa mwanamke mmoja.

Jina lake ni Joan Eardley. Alizaliwa Uingereza tarehe 18 mwezi wa tano 1921, katika kijiji cha Warnham, ambapo wazazi wake walikuwa na ng'ombe wa maziwa. Baba yake alikufa 1929, yeye akiwa bado mtoto. Wakati wa vita vya pili vya dunia walihamia upande wa Glasgow, katika Scotland, na mwaka wa 1940 akaingia shule kubwa ya sanaa ya mji ule. Alipata diploma 1943. Badala ya kufuata kazi ya ualimu, yeye alienda kujifunza useremala. Msichana mwenye diploma, na randa mkononi! Tunafikiri hapa kwetu watu wangemcheka.

Halafu alipata msaada wa masomo, akatembea Italia na Ufaransa. Aliporudi alichukua chumba cha kazi katika Townhead, kartye ya maskini ya Glasgow. Watoto wa barabarani walipanda kwake, naye aliwachora vile walivyo: nguo kubwa kuliko mwili, macho ya kengeza, mdogo amebebwa na mkubwa wake. Hakuwapamba hata kidogo.

Lakini kazi tunayotaka kusema zaidi ni ya nchi na bahari. Kuanzia 1950 alijua Catterline, kijiji kidogo cha wavuvi juu ya mwamba, kando ya Bahari ya Kaskazini. Nyumba aliyokaa haikuwa na umeme wala maji ya bomba. Mtu angeweza kusema: nyumba chache, nyavu, shamba la shayiri, bahari, ni nini hapa? Yeye alichora vitu vile vile miaka na miaka: shamba moja wakati wa mbegu na wakati wa mavuno, mawimbi yale yale asubuhi na jioni. Na kila mara picha ilikuwa mpya, sababu alikuwa ameangalia tena.

Hakuchora akiwa ndani, karibu na moto. Tufani ikianza, wengine wakikimbilia nyumbani, yeye alitoka na mbao zake kubwa, akazifunga kwa kamba na kuzishikiza ili upepo usizichukue. Mara nyingine mchanga na majani vilibaki ndani ya rangi. Ile picha yake ya 1961, iitwayo Wimbi, imekuwa kati ya kazi zake zinazojulikana sana.

Mwaka wa 1963 chuo cha wasanii wa Scotland kilimpokea kuwa mshiriki kamili. Mwaka ule ule, tarehe 16 mwezi wa nane, alikufa kwa ugonjwa wa kansa ya titi, mwenye miaka 42 tu. Majivu yake yalimwagwa pwani ya Catterline.

Sasa mtu atatuambia: « Yule alikuwa Bulaya, sisi tutakula desini? » Neno hili si la bure. Ni kweli, wachache sana wanaishi kwa kuchora, na hatusemi wote wawe wachoraji. Lakini mwanafunzi asiyejua kuangalia atachora vipi jani katika somo la biolojia? Ataeleza vipi mmomonyoko wa kilima anachopita kila siku pasipo kukiona? Jicho nalo linafundishwa, sawa vile mkono unavyofundishwa kuandika.

Na kwa wadada zetu tunasema: mtu akiwaambia ya kwamba kazi hii si ya wanawake, mtajieni yule aliyefunga mbao zake kwa kamba mbele ya tufani.

Basi tunaomba mambo mawili. Walimu wetu, tafazali mtuachie saa ile moja kwa juma, hata wakati wa mitihani. Na sisi wanafunzi tuache picha ya kalenda. Tutoke na krayo na karatasi, tuchore soko, mgomba nyuma ya darasa, mvua inayokuja juu ya vilima. Tuchore kitu kimoja mara kumi, ndipo tuseme kama hapa kwetu hakuna kitu.

Ni sisi, wapenda desini wa mwaka wa tano