Kuongoza Filamu si Kimbilio la Nyota Aliyechuja

Mwigizaji akitangaza kwamba sasa anaongoza filamu, wapenzi wa sinema humtolea hukumu mbili upesi. Ya kwanza: amechuja, anatafuta pa kujisitiri. Ya pili: mshika mbili moja humponyoka, kwa hiyo ataharibu kote kuwili. Hukumu hizi zinasikika za busara, lakini historia ya Hollywood inazikataa, na shahidi mzuri ni Ida Lupino.

Lupino alizaliwa London mwaka 1918 katika ukoo wa wasanii wa jukwaani, akaingia Hollywood akiwa kijana. Mwaka 1941 alicheza na Humphrey Bogart katika High Sierra, kisha wahakiki wa New York wakamchagua mwigizaji bora wa kike wa mwaka 1943 kwa The Hard Way. Aliposhika uongozaji mwaka 1949 alikuwa na umri wa miaka 31, na miaka iliyofuata bado alikuwa akipewa nafasi kubwa za kuigiza. Huyo hakuwa amechuja.

Alifikaje nyuma ya kamera? Studio ya Warner Bros. ilimsimamisha kazi alipokataa nafasi asizozipenda, naye akautumia muda huo kutazama waongozaji na wahariri walivyofanya kazi. Baadaye yeye na mumewe, Collier Young, walianzisha kampuni ndogo, The Filmakers. Upigaji picha wa Not Wanted, kisa cha msichana aliyezaa nje ya ndoa, ulipoanza tu, mwongozaji Elmer Clifton alipatwa na mshtuko wa moyo. Lupino, aliyekuwa mtayarishaji na mmoja wa waandishi wa filamu hiyo, aliimalizia, lakini akaliacha jina la Clifton libaki kuwa la mwongozaji. Anayetafuta pa kujisitiri hagawi sifa namna hiyo.

Na la mshika mbili? Mwaka 1953 Lupino aliongoza The Bigamist huku akiigiza kama mmoja wa wake wawili wa mhusika mkuu. Mwaka huohuo ilitoka The Hitch-Hiker, filamu ya mashaka aliyoiongoza bila kuigiza ndani yake. Mwaka 1998 iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu zinazohifadhiwa Marekani. Katika mfululizo wa awali wa The Twilight Zone, ni yeye peke yake aliyeigiza kipindi kimoja, mwaka 1959, na kuongoza kingine, mwaka 1964. Kazi hizi hazikunyang'anyana. Kwenye bajeti finyu, mwongozaji anayejua mwigizaji anakwama wapi hapotezi muda kumzungusha.

Mpinzani atasema: mbona The Filmakers ilikufa katikati ya miaka ya 1950? Ilikufa, lakini baada ya kujitwisha usambazaji wa filamu zake, biashara nyingine kabisa. Mbona basi baada ya 1953 hakuongoza filamu ya sinema hadi The Trouble with Angels ya 1966? Kipindi hicho televisheni ilimwita tena na tena, mahali ambapo muda ni mfupi na asiyeweza kazi haitwi mara ya pili. Studio ndizo zilizowanyima wanawake kiti cha mwongozaji: tangu Dorothy Arzner alipoacha kuongoza mwaka 1943, Lupino alibaki karibu peke yake.

Sisemi kila nyota anaweza kuongoza. Umaarufu haumfundishi mtu pa kuweka kamera, na wapo walioingia kwa jina tu wakaumbuka. Hao hawakuponzwa na kazi mbili. Waliponzwa na kuruka uanagenzi. Kwa hiyo, msomaji, mwigizaji mwingine akitangaza kwamba anaongoza, usiulize kama amechuja. Uliza alijifunza wapi, kisha uitazame filamu yake ndipo uhukumu.