Nyumba haina haja ya kutusoma nyuso

Mwaka 1962 mwandishi Mwingereza J.G. Ballard alitoa hadithi fupi, The Thousand Dreams of Stellavista, kuhusu mtindo wa ujenzi ambao haujawahi kuwako: nyumba zinazohisi. Kuta na dari zake hutanuka au kunywea kufuatana na hali ya moyo wa aliyemo ndani. Shida ni kwamba nyumba hizo hazisahau. Mwanasheria na mkewe wanahamia katika nyumba ya mcheza filamu aliyewahi kushtakiwa kwa kumuua mumewe, na muda si muda chuki ya ndoa ile ya zamani inaanza kuwaandama wao. Mke anaondoka. Mume anabaki, na nusura nyumba imwue.

Ballard alikuwa akibuni. Mwaka 2019 msanifu wa Kimarekani Jenny Sabin alilijaribu wazo linalokaribiana na hilo kwa vitu halisi. Ndani ya jengo la utafiti la Microsoft mjini Redmond alitundika umbo kubwa lililofumwa kwa nyuzi, akaliita Ada. Kamera zilisoma nyuso za watu waliokuwa jengoni, programu ya akili unde ikakisia wana hali gani, na umbo likabadili rangi za mwanga wake. Data hazikuambatanishwa na majina. Kama kazi ya sanaa, Ada ilipendeza.

Miaka mitatu baadaye kampuni hiyohiyo ilitangaza kwamba inauondoa uwezo wa kukisia hisia katika huduma yake ya kutambua nyuso inayouzwa kwa wateja. Miongoni mwa sababu ilizotaja ni kwamba wataalamu wenyewe hawajakubaliana hisia ni nini hasa.

Shaka hiyo ina msingi. Mwaka 2019 mwanasaikolojia Lisa Feldman Barrett na wenzake wanne walitoa tathmini yao baada ya kupitia tafiti zaidi ya 1,000 kuhusu uso na hisia. Waligundua kuwa mtu mwenye hasira hukunja uso kwa wastani wa chini ya asilimia 30 ya nyakati. Nyakati nyingine hutulia, hucheka au hulia. Naye aliyekunja uso pengine anawaza tu, au tumbo linamsokota. Msomaji wa Tanzania hahitaji utafiti kulielewa hilo. Watani wakifika msibani na mizaha yao, waombolezaji huangua kicheko marehemu akiwa bado hajazikwa. Kamera ingesajili sherehe, na nyumba ingewasha taa za rangi.

Tuseme mashine haikosei. Swali linalobaki ni zito zaidi: anayejua hisia za mpangaji ni nani? Katika miji kama Dar es Salaam na Nairobi, wengi wanaishi katika nyumba zisizo zao. Kamera na vihisi vitafungwa na mwenye jengo, na kumbukumbu zitahifadhiwa na kampuni ambayo mpangaji hajawahi kuisikia. Usiku ambao mume na mke walirushiana maneno, wiki ambayo kijana alifukuzwa kazi akashinda kitandani, yote yatakuwa yameandikwa mahali. Umoja wa Ulaya umeliona hilo kwa sehemu: tangu Februari 2, 2025 umepiga marufuku mifumo ya kukisia hisia za watu kazini na shuleni, isipokuwa kwa sababu za tiba au usalama. Marufuku hiyo haifiki sebuleni.

Watetezi wa teknolojia hii wana hoja moja isiyopuuzwa. Mzee aliyepoteza kumbukumbu, au mgonjwa asiyeweza kusema, huenda akasaidiwa na chumba kinachong'amua kwamba ana taharuki. Sawa; hapo pawe na daktari na ridhaa ya familia. Lakini huduma ya mgonjwa isigeuzwe kisingizio cha kumpeleleza kila mwenye ufunguo wa mlango.

Isitoshe, jengo linaweza kuutuliza moyo bila kuuchungulia. Hospitali ya kifua kikuu ya Paimio nchini Finland, iliyokamilika mwaka 1933, ni ushahidi. Msanifu wake, Alvar Aalto, alizingatia kwamba mgonjwa hushinda amelala chali. Dari ikapakwa kijani tulivu, taa zikawekwa zisimpige machoni, na masinki yakachongwa ili maji yasipige kelele na kumwamsha mwenzake.

Mwaka 1984 mtafiti Roger Ulrich alichapisha ulinganisho wa wagonjwa 46 waliofanyiwa upasuaji wa mfuko wa nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania. Nusu walikuwa na dirisha linaloangalia miti, nusu waliangalia ukuta wa matofali. Wa miti waliruhusiwa kurudi nyumbani mapema kidogo, na walihitaji dawa kali za maumivu kwa kiasi kidogo. Wazo la namna hiyo linaonekana pia Butaro, kaskazini mwa Rwanda, katika hospitali iliyofunguliwa mwaka 2011: vitanda vimewekwa katikati ya wodi, vikielekea madirisha makubwa, ili mgonjwa atazame vilima badala ya kutazamana na mgonjwa mwenzake.

Majengo hayo hayakuhitaji kumbukumbu za mtu yeyote. Wasanifu walijiuliza mapema mkaaji atajisikiaje, wakalijibu swali hilo kwa dirisha, rangi na kitanda. Ni kazi ambayo wasanifu wetu nao wanaweza kudaiwa leo, wale wanaopanga maghorofa ya vyumba visivyopitisha upepo.

Kenya ina sheria ya ulinzi wa data tangu mwaka 2019, na Tanzania ilipitisha yake mwaka 2022. Kampuni ya kwanza itakayoleta nyumba inayosoma hisia iulizwe, kwa mujibu wa sheria hizo, kumbukumbu zinakaa wapi, zinafutwa lini mpangaji akihama, na swichi ya kuzima mfumo wote iko chumba gani. Majibu yaandikwe kwenye mkataba wa upangaji, kabla kodi ya miezi sita haijalipwa.