Nani Amchague Mwalimu wa Chuo cha Kanisa? Mafunzo ya Kesi za India

Nafasi ya mkuu wa chuo inapobaki wazi katika chuo cha Kikatoliki nchini India, si ajabu shauri hilo kuishia mahakamani. Katika vyuo vingi vya aina hii serikali ndiyo hulipa mishahara, ilhali ardhi, majengo na jina ni vya Kanisa. Je, achague anayelipa, au aliyejenga? Waamini wa Kenya wanalijua swali hili kwa sura nyingine: Kanisa ni mfadhili wa shule nyingi za umma, lakini walimu wake huajiriwa na Tume ya Kuajiri Walimu (TSC).

Msingi wa kesi za India ni Ibara ya 30 ya Katiba ya mwaka 1950, inayozipa jumuiya ndogo za kidini na za lugha haki ya kuanzisha na kuendesha taasisi za elimu wanazozitaka. Mwaka 1957 serikali ya Kikomunisti ya Kerala ilileta muswada uliotaka walimu wa shule zinazopata ruzuku wateuliwe kutoka katika orodha iliyoandaliwa na tume ya serikali. Mahakama ya Juu, ilipoombwa ushauri mwaka 1958, ilisema vipengele hivyo vinakaribia mno kuivunja haki hiyo, lakini ikaviacha vipite. Wakatoliki hawakunyamaza. Waliungana na makundi mengine katika maandamano makubwa, na tarehe 31 Julai 1959 serikali hiyo ikaondolewa madarakani na serikali kuu ya Delhi.

Hukumu iliyo maarufu kuliko zote ilitokana na chuo cha Wayesuiti, St. Xavier's cha Ahmedabad. Sheria ya chuo kikuu cha Gujarat ilitaka wajumbe wa chuo kikuu waingie katika bodi ya chuo na katika kamati ya kuteua mkuu na walimu. Tarehe 26 Aprili 1974 jopo la majaji 9 liliamua kwamba masharti hayo hayawezi kuvibana vyuo vya jumuiya ndogo. Mwezi Novemba 2006 Mahakama hiyo ilirudia msimamo huo katika kesi ya chuo cha Wakatoliki wa Malankara huko Kerala: kumchagua mkuu wa chuo ni kiini cha haki ya kuendesha chuo, na ruzuku haiiondoi haki hiyo, mradi mteule awe na sifa zinazotakiwa kisheria. Hata hivyo, serikali inabaki na mamlaka ya kuweka masharti ya kulinda maslahi ya wafanyakazi.

Si kila hukumu imekwenda upande huo. Mwezi Januari 2020, katika shauri la madrasa za Bengali Magharibi, Mahakama ya Juu ilikubali tume ya serikali iteue walimu, ikitofautisha masomo ya kawaida na yale yanayohifadhi imani na utamaduni wa jumuiya. Wenye shule za Kikatoliki wasiione hukumu hiyo kuwa jambo la Waislamu peke yao.

Nionavyo, ushindi wa mahakamani ndiyo sehemu nyepesi. Aliyelalamika katika kesi ya 2006 hakuwa adui wa Kanisa. Alikuwa mwalimu wa chuo hichohicho, aliyeona cheo kikimpita. Mkusanyo wa Sheria za Kanisa, kanuni ya 803, unadai walimu wawe wenye mafundisho sahihi na maisha adilifu. Lakini kanuni ya 1286 nayo inawaagiza wasimamizi wa mali za Kanisa kuzingatia kikamilifu sheria za nchi kuhusu kazi, na kulipa ujira wa haki. Zote mbili zinamfunga mkurugenzi yuleyule. Huko Kerala yapo malalamiko ya miaka mingi kwamba wamiliki wa shule na vyuo vyenye ruzuku, wa dini mbalimbali, hupokea fedha kutoka kwa wanaotafuta nafasi. Pale fedha inapoamua, Ibara ya 30 hugeuka kuwa ngao ya biashara.

Lipo pia suala la Wadalit, watu wa matabaka yaliyodharauliwa tangu zamani. Kwa amri ya mwaka 1950, Mdalit aliye Mkristo hahesabiwi katika matabaka yanayotengewa nafasi za kazi serikalini. Aliye Mhindu, Kalasinga au Mbuddha huhesabiwa. Kwa kawaida utaratibu huo wa mgao hauvibani vyuo vya jumuiya ndogo. Hivyo mwalimu Mkatoliki wa asili hiyo anakosa mgao huo katika chuo cha serikali, na katika chuo cha Kanisa hana sheria ya kushikilia. Maaskofu wa India walikiri katika sera yao ya mwaka 2016 kwamba ubaguzi wa matabaka ni dhambi nzito ya kijamii, na kwamba Wadalit ni wachache mno katika uongozi wa Kanisa. Sera hiyo ina maana tu pale tangazo la kazi linapobandikwa hadharani, usaili unapofanywa na jopo lenye walei na wataalamu wa nje, na aliyekosa nafasi anapoelezwa sababu kwa maandishi.