DEREVA HODARI NI YULE ANAYEFIKA



Muhula huu mwenzetu mmoja wa Kidato cha Tatu aliacha masomo, akaenda kuendesha pikipiki ya abiria hapa stesheni ya Goweko. Nilipomwuliza sababu, alinijibu kwamba anataka kuwa dereva wa mashindano, na dereva hafundishwi darasani. Siku ile sikuwa na jibu. Leo ninalo, na kwa kuwa najua wako wengine wanaotamani kumfuata, naomba nafasi nilitoe hapa.

Kwanza, sikubaliani na wazee wasemao kwamba udereva wa mashindano ni kazi ya wahuni. Ni kazi ya heshima. Mashindano ya Safari yalianza mwaka wa 1953, yakipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Motokaa za siku zile hazikuwa za ajabu. Zilikuwa kama zile zilizouzwa madukani. Zilikwenda karibu kilomita 5,000 wakati wa Pasaka, katika matope ya masika. Mwaka wa 1968 ziliondoka motokaa 93, zikafika 7 tu.

Sasa tumtazame Joginder Singh, aliyezaliwa Kericho, Kenya, mwaka wa 1932. Huyu hakuanza na usukani, alianza na spana katika karakana ya baba yake. Mwaka wa 1965, yeye na ndugu yake Jaswant walishinda kwa motokaa ya Volvo waliyoipata ikiwa imekwisha kutumika. Akashinda tena mwaka wa 1974 na 1976 kwa Mitsubishi. Lakini linalonistaajabisha zaidi ni jambo jingine. Aliingia katika Safari mara 22, akafika mwisho mara 19. Mtu hafiki mara 19 katika njia ile kwa bahati. Alijua motokaa yake inaugua nini kabla haijasimama.

Jambo hili lisiwe geni kwetu watu wa Unyamwezi. Babu zetu walibeba pembe za ndovu kwa miguu kutoka Tabora hadi Bagamoyo. Mpagazi aliyetangulia siku ya kwanza akatupa mzigo siku ya kumi hakuwa na la kujivunia. Sifa ilikuwa kufika pwani, mzigo ukiwa mzima.

Juma lililopita nilimkuta mwenzetu yule njiani, pikipiki imezimika. Abiria wake, mama mwenye mtoto mgonjwa, alikuwa ameketi chini ya mwembe. Yeye alikuwa akiipiga teke tu ile pikipiki, jasho likimtoka. Nami, niliyepata alama nzuri katika swali la injini, sikuweza kumsaidia hata kidogo. Tulimngoja fundi kwa saa mbili. Alipokuja alifungua plagi, akaisafisha, pikipiki ikawaka. Mwenzetu akamlipa fedha zote za siku ile, na jioni hesabu ya tajiri ilikuwa bado inamngoja.

Hapo niliona kwamba sote wawili tumepungukiwa. Yeye ana chombo bila elimu yake; mimi nina elimu ya chombo nisichopata kukigusa. Joginder Singh alikuwa na vyote viwili.

Kwa hiyo nina maombi matatu. Walimu wetu, tutafutieni injini moja mbovu, tuifungue na kuifunga kila Jumamosi. Wazazi, mtoto akisema anataka kuwa dereva, msimcheke wala msimpe pikipiki. Mpelekeni kwa fundi wakati wa likizo. Nanyi wanafunzi wenzangu, msiache shule kwa kupenda mbio.

Na wewe, ndugu yangu wa stesheni, ukiusoma ukurasa huu, rudi. Dawati lako bado li wazi, na hiyo injini nataka tuifungue pamoja.