Eti Mlima Kilimanjaro ulikuwa zawadi ya bethdei!

Leo sina umbea wa hosteli. Nina hasira, tena hasira ya kitaaluma, kwa hiyo mnivumilie.

Kuna swali linazunguka kwenye chemsha bongo, kwenye madesa ya "maarifa ya jumla", na pale vimbweta watu wakishachoka kusoma. Swali lenyewe: kwa nini mpaka wetu na Kenya umenyooka vizuri tu kutoka baharini, halafu ukafika Kilimanjaro ukapinda? Jibu linalopewa alama: Malkia Victoria wa Uingereza alikuwa na milima miwili yenye theluji, mjukuu wake Kaizari Wilhelm hana hata mmoja, basi bibi akamwonea huruma akampa mmoja siku yake ya kuzaliwa. Makofi! Timu B inaongoza!

Jamani, ni uongo. Sisemi kwamba kuna mitazamo tofauti, nasema ni uongo. Na kuuvunja hakuhitaji kwenda maktaba, kalenda tu inatosha.

Mstari ule ulikubaliwa kati ya London na Berlin mwaka 1886, kwa barua walizobadilishana mwishoni mwa Oktoba na Novemba mosi. Mwaka huo kaizari alikuwa nani? Alikuwa Wilhelm wa Kwanza, mzee aliyezaliwa 1797. Alikuwa na miaka 89, anamzidi Victoria miaka 22. Mjukuu gani huyo wa kumzidi bibi yake umri! Mjukuu wa kweli, yaani Wilhelm wa Pili, mtoto wa binti mkubwa wa Victoria, alikuwa kijana wa miaka 27 asiye na kiti chochote. Taji alilipata Juni 1888, ule mwaka Wajerumani walipokuwa na makaizari watatu: babu kafa Machi, baba yake Friedrich katawala siku 99 naye akafa, ndipo zamu yake ikafika. Mpaka ulishachorwa zamani. Halafu bethdei yenyewe ni Januari 27. Zawadi ya Novemba hiyo ni ya nini?

(Kuna jina la Kaizari Wilhelm lililobandikwa kilele cha Kibo. Hilo ni la 1889, Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walipofika juu. Miaka mitatu baada ya mpaka.)

Sasa nawajua mtasema nini. "Acha ukuda bwana, ni hadithi tu, inasaidia wanafunzi kukumbuka." Kukumbuka nini? Nilipokuwa mafunzo kwa vitendo, mtoto wa kidato cha pili aliisikia hadithi hii kwa wenzake akaniuliza, "Mwalimu, na Wachaga waliambiwa?" Lile ndilo swali la historia! Na kwenye hadithi ya bethdei halina pa kukaa, maana mle mlima hauna watu. Kuna bibi, kuna mjukuu, na kuna theluji.

Haya, tuwarudishe watu mlimani. Mwishoni mwa 1884 Carl Peters alipita bara akikusanya "mikataba" Usagara na jirani zake. Februari 1885 Berlin ikatoa hati ya ulinzi. Sultani Barghash wa Zanzibar, aliyehesabu bara ile kuwa chini yake, akapinga. Akajibiwa kwa manowari za Kijerumani mbele ya Unguja, Agosti 1885. Kabla ya hapo, mwaka huohuo, Barghash alishamtuma jenerali wake Mwingereza, Lloyd Mathews, aende Kilimanjaro kupata sahihi za mamangi kwamba wako upande wa Sultani. Mangi Rindi wa Moshi akakubali. Wiki chache baadaye akafika Mjerumani Jühlke na karatasi yake, Rindi akakubali tena! Wapo wanaomcheka. Mimi namwona ni mtawala mwenye maadui pembeni, Kibosho wakiwa wa kwanza, anayetafuta mgeni wa kumfaa bila kufunga mlango kwa mwingine.

Sasa chukueni rula. Mkinyoosha mstari kutoka pale mpaka unapoanzia pwani, karibu na Vanga, hadi Ziwa Victoria kwenye nyuzi 1 kusini, mlima wote unabaki kaskazini, kwa Mwingereza. Lakini Mjerumani alikuwa na karatasi ya Rindi. Na Mwingereza, aliyeikalia Misri tangu 1882, hakutaka Bismarck amsumbue huko. Kwa hiyo mstari ukazungushwa kaskazini ya mlima. Taveta, ambako Mwingereza Harry Johnston alijipatia mikataba yake 1884, ikabaki upande wa pili. Ndiyo maana ile kona iko vile! Barghash naye akaachiwa visiwa, miji kadhaa ya kaskazini, na utepe wa pwani wenye upana wa maili 10. Mathews na sahihi zake hawakuhesabiwa.

Na tukitaka kujua kama Wachaga waliambiwa: mwana wa Rindi, Mangi Meli, aliwapiga Wajerumani mwaka 1892, wakarudi 1893 wakamshinda, na Machi 2, 1900 wakamnyonga hapo Old Moshi pamoja na wenzake. Kichwa chake bado kinatafutwa hadi leo. Hebu niambieni, bethdei gani yenye mambo haya?

Ndiyo maana nakasirika. Uongo huu unaugeuza mnada wa nchi za watu kuwa mapenzi ya bibi na mjukuu, na sisi wa ualimu ndio tunaousambaza, kwa sababu unachekesha na una alama mbili.

Madesa yenyewe nayo ni majanga. Nililonalo mezani bado linasema Swaziland (ni Eswatini tangu 2018), makao makuu ya Burundi Bujumbura (siasa imehamia Gitega, kwenye makao ya zamani ya wafalme), na ya Kazakhstan Nur-Sultan, jina lililoanza 2019 na kufutwa 2022. Mtu anakariri usiku kucha vitu vilivyokufa! Angeuliza tu kwa nini Burundi wamerudi Gitega, angepata nondo za kuongea nusu saa: ufalme, ukoloni, mji wa ziwani uliokaa pembeni ya nchi. Lakini desa halina safu ya "kwa nini".

Ninyi mnaoandaa chemsha bongo ya Ijumaa, najua mnasoma humu. Lile swali la mpaka lifuteni, wekeni hili: mwaka 1886 kaizari wa Ujerumani alikuwa na umri gani, na Mangi wa Moshi alikuwa nani? Atakayejibu "mjukuu" mkateni alama.

Haya, boom bado kimya, naenda kuchemsha chai ya rangi. Wa Moshi mkiwa na la kuongeza kuhusu Rindi, leteni, hasa ninyi wa Kibosho.