Uhamisho Usiwe Adhabu Isiyo na Mashtaka

Hakuna mtumishi wa umma nchini asiyeyajua maneno "kwa maslahi ya umma". Huandikwa katika barua ya aya mbili, nayo barua hiyo ikamng'oa mwalimu, muuguzi au afisa kilimo katika kituo chake cha kazi na kumpeleka mkoa mwingine. Sina ugomvi na uhamisho wenyewe. Aliyeajiriwa na Serikali alikubali kutumika popote, na mtoto wa Kakonko anastahili mwalimu wa fizikia sawasawa na mtoto wa Kinondoni. Ugomvi wangu ni na uhamisho unaogeuzwa kuwa fimbo.

Tuitazame sheria. Mwajiri anayetaka kumwadhibu mtumishi kwa kosa kubwa analazimika kumpa hati ya mashtaka, kumwachia nafasi ya kujitetea na kufanya uchunguzi. Aliyeadhibiwa naye anaweza kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Njia hiyo ni ndefu, tena inadai ushahidi. Uhamisho haudai lolote kati ya hayo. Kwa hiyo mkubwa aliyekasirishwa na mhasibu aliyekataa kuidhinisha malipo yenye kasoro hana haja ya kutafuta kosa. Barua ya uhamisho inamtosha. Adhabu imetolewa, kosa halikutajwa, na jalada linaonekana safi.

Wapo watakaosema kwamba mlango wa mahakama uko wazi. Naam, lakini kizingiti chake ni kirefu. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinamtaka mtumishi amalize kwanza njia zote za ndani kabla ya kutafuta nafuu katika sheria za kazi. Anayetaka Mahakama Kuu ifanye mapitio ya uamuzi wa kiutawala naye hana budi kuomba kibali ndani ya miezi 6. Malalamiko yake yakilala mezani kwa mkubwa, muda haulali. Na wakati huohuo anatakiwa awe ameripoti kituo kipya. Asiporipoti, ataitwa mtoro kazini. Hivyo ndivyo aliyehamishwa bila kosa anavyotengenezewa kosa.

Majaji nao husita kuingilia. Mahakama ya Juu ya India ilisema mwaka 1990, katika shauri la Shilpi Bose dhidi ya Jimbo la Bihar, kwamba amri ya uhamisho isitenguliwe ila pale inapokiuka kanuni ya lazima au inapotolewa kwa nia mbaya. Msimamo huo una mantiki, kwani si kazi ya jaji kupanga walimu mashuleni. Lakini nia mbaya haiandikwi kwenye barua. Mtumishi ataithibitishaje ikiwa mwajiri hawajibiki kueleza sababu? Wenzetu wa Kenya walilijibu swali hili katika Ibara ya 47 ya Katiba yao ya mwaka 2010: ambaye haki yake imeathiriwa na uamuzi wa kiutawala ana haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Sisi tunaogopa nini?

Nadai mambo matatu. Kwanza, kila barua ya uhamisho itaje sababu mahususi inayoweza kupimwa: upungufu wa watumishi huko aendako, au ziada hapa alipo. Pili, gharama zote zilipwe kabla ya safari, kwani madeni ya uhamisho yamegeuka kilio cha kila Mei Mosi. Tatu, anayedai kwamba amelipiziwa kisasi asikilizwe kwa haraka na chombo kisicho chini ya aliyemhamisha, na amri isimame hadi uamuzi utoke.

Wanaharakati na wanafunzi wangu, msidhani hili ni jambo la watumishi peke yao. Tunapowafanya wananchi wa pembezoni kuwa mahali pa kutupia watumishi "wasumbufu", tunawaambia kwamba wilaya yao ni gereza. Na tunapomwondoa mhasibu mwaminifu, fedha iliyokuwa ikilindwa ni ya dawa na madawati yetu. Hayo ndiyo maslahi ya umma. Anayeyataja katika barua na atakiwe kuyathibitisha.